Bukindo, Makao ya Watawala wa Ukerewe

Mgeni akifika Mwanza, wenyeji humpeleka kisiwa cha Saanane akaone wanyama, au Bujora kule Kisesa akaone makumbusho ya Wasukuma na kusikia ngoma. Ni mahali pazuri pote pawili, na mimi nimepeleka wageni wangu huko mara nyingi. Lakini ng'ambo ya maji, upande wa kaskazini, kuna kisiwa kilichokuwa dola kamili kabla Mwanza haijawa mji. Kilikuwa na mtawala wake, majeshi yake ya mitumbwi, biashara yake ya pembe za ndovu na mahakama yake. Wafanyabiashara Waarabu waliokaa Kazeh, yaani Tabora ya leo, walilijua ziwa zima kwa jina la kisiwa hicho: Ukerewe. Speke, mpelelezi Mwingereza, naye alilisikia kwa jina hilo kabla ya kulitia machoni karibu na Mwanza mnamo Agosti 1858 na kulipachika jina la malkia wake.

Nilikwenda Ukerewe kwa sababu ya kitabu. Nilikuwa nimemaliza kusoma Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka cha Aniceti Kitereza, nikataka kuikanyaga ardhi ile. Rafiki yangu aliyewahi kufundisha Nansio, mji wa kisiwani, akaniambia, "Usiende kutangatanga. Kuna mzee mmoja Mkerewe, mwalimu mstaafu, atakutembeza siku nzima mpaka Bukindo. Huyo ndiye anayejua." Akampigia simu, mambo yakawa yamekwisha.

Anayetaka kwenda Bukindo na kurudi Mwanza kwa meli siku ileile atajichosha bure. Meli ya abiria kutoka bandari ya Mwanza Kaskazini hadi Nansio hutumia saa tatu na zaidi majini, na ukishuka bado una safari ya nchi kavu. Ni bora uvuke leo, ulale Nansio, kesho yake ndiyo iwe ya matembezi. Wapo pia wanaozunguka kwa gari kupitia Bunda na kuvuka kwa kivuko kutoka Kisorya hadi Rugezi. Mimi nilipenda meli, kwa kuwa Ukerewe ni kitu cha kukiendea kwa maji.

Sitaieleza sana safari yenyewe. Sitaha ya chini ilijaa mabati, saruji, magodoro na kreti za soda, kwa maana karibu kila kitu cha dukani Nansio hupita bandarini. Wakati wa kurudi mzigo hugeuka, yakaja machungwa, magunia ya dagaa na mihogo mikavu. Tuliyaacha nyuma majabali ya Mwanza yaliyopandana, tukapita maji ambayo MV Bukoba ilizama tarehe 21 Mei 1996. Makaburi ya wengi waliokufa siku hiyo yako Igoma. Mama mmoja aliyekaa karibu nami, mfanyabiashara wa vitenge, alinionyesha kwa kidole upande ule bila kusema kitu, kisha akaendelea kuhesabu fedha zake.

Asubuhi mzee alinikuta nje ya nyumba ya wageni amevaa koti, kofia ya pama na viatu vya mpira, na fimbo mkononi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Umeamka salama? Umekula? Huko tuendako hakuna hoteli."

Tukanywa chai na mihogo ya kuchemsha kwa mama ntilie aliye karibu na gati, kisha tukachukua bodaboda mbili. Bukindo haiko mbali, ni kilomita chache tu kaskazini ya Nansio, ila mzee aliwataka vijana waende polepole. Alitaka niione nchi kwanza. Alisema mtu hawezi kuelewa utawala asipojua watu walikula nini.

Na kweli, nchi yenyewe ilizungumza. Ukerewe ndicho kisiwa kikubwa kuliko vyote katika Ziwa Victoria, lakini kimejaa watu, na sikuona kipande cha ardhi kilicholala bure. Kila nyumba ina michungwa na miembe, mihogo imepandwa hadi ukingoni mwa njia, na mabondeni kuna majaruba ya mpunga. Penye jabali kubwa lililolala kifudifudi, wanawake walikuwa wameanika mihogo iliyovundikwa, vipande vyeupe vimetandazwa juu ya jiwe lote. Mzee aliteremka, akaokota kipande, akakivunja, akanipa ninuse. Kilikuwa na ukali kidogo, kama kitu kilichochacha. Huo ndio udaga, unga wa ugali wa visiwani. Akaniambia kwamba muhogo ni mgeni kisiwani. Mababu wa kina Myombekere waliishi kwa mtama na ulezi, na mtama na ulezi vinataka mvua ije kwa wakati wake.

Hapo akaanza habari ya watawala, kwa kuwa kwa Wakerewe mtawala na mvua havikutenganishwa.

Mtawala wa Ukerewe aliitwa omukama, kama watawala wa Buhaya, na ukoo wake ni Wasilanga. Masimulizi yanasema mababu wao walitoka Ihangiro, upande wa magharibi wa ziwa, chini ya kiongozi aitwaye Katobaha, wakaja kwa mitumbwi na kuwakuta watu wengine wameshakaa. Ukisikiliza Kikerewe utaona mara moja kuwa ni ndugu wa Kihaya, ingawa Wasukuma wako jirani zaidi. Omukama alidaiwa mvua. Ikinyesha vizuri, heshima ni yake. Ikikata, au ikizidi mpaka ikaozesha mazao, watu walimtazama yeye, na mzee alisema wako waliong'olewa kitini kwa sababu hiyo. "Leo mbunge akishindwa kuleta barabara, anasubiri miaka mitano," alisema. "Yule alikuwa anasubiri msimu mmoja."

Tulipofika Bukindo jua lilikuwa limeshapanda. Mzee alisalimia kila mtu kwa jina, akawaeleza mimi ni nani na nimekuja kufanya nini, akaomba ruhusa ya kuingia uwanjani. Haya ndiyo manufaa ya kutembezwa na mwenyeji. Bukindo ni kijiji kinachoishi, na mahali pale pana wenyewe.

Kinachoonekana ni jumba la mtindo wa Kizungu, la enzi ya Waingereza, lililojengwa zama za Chifu Gabriel Ruhumbika aliyetawala tangu 1907 hadi 1938. Ndilo watu wanaloliita ikulu, na ndilo wageni hupigia picha. Nilikaa mbele yake muda mrefu. Lipu imebanduka mahali pengi, na ukipitisha kiganja ukutani kinatoka na vumbi la chokaa. Lakini kuta ni nene na zimesimama. Unatambua mara moja kwamba aliyejenga alitaka mtu akitokea mbali ajue hapa pana mkubwa. Ruhumbika alitawala chini ya wakoloni wawili, Mjerumani kisha Mwingereza, na jumba hili ni jibu lake kwao: ninyi mna maboma, nami nina langu.

Mzee aliniacha nitazame, halafu akanivuta mkono. "Hili ni la juzi," alisema. "Twende nikuonyeshe la zamani."

Alinipeleka pembeni, kwenye miti na shamba la mihogo. Nilitazama huku na huko nisione kitu. Ndipo akanieleza kwamba makao ya wakama wa kale yalijengwa kwa miti na nyasi, yakazungushiwa ua, na hayakukaa mahali pamoja nyakati zote. Palipokuwa na omukama ndipo palipokuwa na mji mkuu. Akifa, nyumba zinaporomoka, mchwa wanakula miti, na nchi inabaki. Ndivyo ilivyokuwa Buganda pia kabla ya makao kutulia Mengo. Kwa hiyo mtu anayekuja kutafuta magofu kama ya Kilwa au Gedi ataondoka akisema Ukerewe hapakuwa na kitu. Dola hii haikuandikwa kwa mawe. Iliandikwa kwa mitumbwi, kwa pembe za ndovu, kwa ngoma na kwa kumbukumbu za watu.

Tulikaa chini ya mwembe naye akanisimulia kwa mfuatano, kama mwalimu anayejua darasa lake halina kitabu. Karne ya 19 ilipoanza, chini ya Mihigo wa pili, Wakerewe walikwishaingia kwenye biashara ya mbali. Pembe zilitoka kwao na kwa jirani zao wa bara, zikavushwa kusini, zikashika njia ya Unyanyembe, upande wa Tabora, na hatimaye pwani. Kwa upande mwingine vikaja vitambaa, shanga na waya wa shaba. Omukama ndiye aliyeshika biashara hiyo, naye aliyepewa kitambaa na omukama alikuwa mtu wake. Machunda, aliyetawala katikati ya karne, alitajirika sana kwa njia hii.

Nilimpenda mzee kwa kuwa hakuipamba hadithi. Alisema biashara hiyohiyo ndiyo iliyozidisha utumwa kisiwani, watu wakanunuliwa kwa nafaka wakati wa njaa ya bara na kuwekwa kulima. Alisema misafara ilileta magonjwa ambayo waganga hawakuyajua, watu wakafa bila sababu kuonekana, na tuhuma za uchawi zikaingia hadi ndani ya nyumba ya mtawala. "Mali ilipokuja, hofu nayo ikaja," alisema. Wako watembezaji wanaosimulia falme za zamani kama pepo iliyopotea. Mimi namwamini zaidi anayenionyesha na makovu.

Halafu akafika kwa Lukonge, na hapo sauti yake ikabadilika.

Lukonge alikalia kiti mwaka 1869, angali kijana. Mwaka 1875 mpelelezi Stanley, aliyepiga kambi Kageyi upande wa bara, alimwendea kumwomba mitumbwi ya kuwavusha watu wake hadi Buganda. Alipokewa, akakaa, mwishowe akapewa mitumbwi. Fikiria hali ile: mzungu mwenye bunduki na msafara mzima amekwama ufukweni, na mwenye funguo za ziwa ni kijana wa Ukerewe. Vitabu vingi husimulia jinsi Stanley alivyolizunguka ziwa. Ni nadra kusema kwamba bila mitumbwi ya Lukonge msafara wake ungebaki mchangani.

Miaka miwili baadaye yakatokea mabaya. Mfanyabiashara mmoja aitwaye Songoro alikuwa akiunda jahazi kisiwani, na wamisionari Waingereza wa shirika la CMS, Luteni Shergold Smith na O'Neill, walikuwa na mapatano naye juu ya chombo hicho. Songoro na Lukonge wakagombana. Mnamo Desemba 1877 watu wa Lukonge walimshambulia Songoro, na wamisionari wale wawili wakafa pamoja naye. Ulaya wakaandika kwamba mtawala katili amewaua watu wa Mungu. Mzee alilisema jambo hili taratibu. Kwa maoni yake lilikuwa deni na dharau: mtu anaunda chombo kwa miti ya nchi, katika nchi yenye mwenyewe, kisha anataka kuondoka pasipo kumaliza mambo na mwenye nchi. Alisikitika kwamba waliokufa ni wengi kuliko waliokosana. Sikuona haja ya kubishana naye. Mwaka uliofuata Alexander Mackay, fundi na mmisionari aliyejulikana sana baadaye Buganda, alikuja kwa Lukonge bila silaha kuuliza kilichotokea, akakaribishwa, akaondoka salama. Mtu aliyekuwa na kiu ya damu tu asingefanya hivyo.

Lukonge alitawala hadi mwaka 1895, Wajerumani walipokuja na bunduki zao na kumwondoa, wakamweka Mukaka. Tangu hapo omukama akawa mtu wa kukusanya kodi na kupokea amri. Baada ya Mukaka akaja Ruhumbika mwenye jumba, kisha Lukumbuzya, wa mwisho. Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika huru ilifuta utawala wa machifu nchi nzima. Aliyeongoza serikali hiyo, Julius Nyerere, mwenyewe alikuwa mtoto wa chifu, Nyerere Burito wa Wazanaki, upande huohuo wa mashariki ya ziwa. Nadhani uamuzi ule ulikuwa wa haki. Taifa lisingejengwa na watu wanaogawanyika kwa viti vya mababu. Ila kufuta madaraka ni jambo moja, na kuacha kumbukumbu zioze ni jambo jingine kabisa. Hilo la pili hakuna sheria iliyotuagiza.

Mchana tulikula kwa jamaa ya mzee: ugali wa udaga, sato wa kupaka karanga, na mlenda. Watoto walitukalia karibu kumsikiliza babu yao. Nikawauliza kama wanamjua Lukonge. Mkubwa wao, wa darasa la saba, alinijibu kwa adabu kwamba shuleni wamesoma Mkwawa, Mirambo na Mangi Meli. Wote ni mashujaa wa kweli, na sina neno nao. Lakini mtoto huyu amezaliwa mwendo wa miguu kutoka makao ya Lukonge.

Baada ya chakula tukapanda Handebezyo, kilima cha majabali ambacho kutoka juu yake unaona kisiwa kimetanda chini na maji kila upande. Kaskazini kuna Ukara, kisiwa maarufu kwa wakulima wanaojua kurutubisha ardhi kwa samadi na majani tangu zama za mababu. Kwenye maji ya Ukara ndiko kivuko cha MV Nyerere kilikopinduka tarehe 20 Septemba 2018 na kuua zaidi ya watu 220. Upande mwingine, mbali, bara la Mara. Mzee alisimama na fimbo yake akanionyesha: kule walipeleka nafaka, kule walifuata pembe, kule walitoka mababu. Nilipolitazama ziwa kutoka pale nilielewa kitu ambacho ramani ya shule haikunifundisha. Sisi wa bara huliona ziwa kama mwisho wa nchi. Kwa Wakerewe lilikuwa barabara kuu, na Ukerewe ilikaa katikati ya njia panda.

Tulimalizia Kagunguli, kwenye misheni kongwe ya Kikatoliki. Hapa alisoma Kitereza. Alizaliwa mwaka 1896, wa ukoo huohuo wa watawala, mjukuu katika nasaba ya Machunda, na utoto wake aliupitisha kwenye boma la Mukaka. Kwa hiyo aliyaona kwa macho yake maisha ya makao ya omukama kabla hayajakwisha, kisha akafundishwa kusoma na kuandika, akapelekwa seminari ya Rubya. Mtu wa namna hiyo hutokea mara moja tu katika historia ya watu: mguu mmoja huku, mwingine kule. Alikamilisha riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945. Padri Almas Simard, Mkanada aliyemtia moyo aandike, aliuchukua mswada akitarajia utafsiriwe Kifaransa, akafa kabla kazi haijafika popote. Kitereza hakukata tamaa. Uzeeni alikaa mwenyewe akaitafsiri yote kwa Kiswahili. Tanzania Publishing House wakaitoa kwa vitabu viwili, tarehe ya chapa ikiwa 1980. Kitereza alifariki Aprili 1981.

Mzee aliwahi kumwona, yeye angali kijana. Alimkumbuka kama mtu mpole aliyeuliza maswali mengi juu ya maneno. "Watu walidhani anapoteza muda," aliniambia. Katika kitabu hicho kuna namna ya kutega samaki, kumwita mganga, kuomba radhi kwa wakwe, kupika pombe, kuzika mtu na kumlea mtoto wa kike. Kwa mawazo yangu hilo ndilo jumba la kweli la Ukerewe, na limejengwa na mtu mmoja bila bajeti ya serikali. Baadaye Gabriel Ruhumbika, si yule chifu bali mwandishi mwingine mzaliwa wa kisiwa hiki, aliitafsiri kwa Kiingereza kutoka Kikerewe, ikachapwa mwaka 2002, na sasa inasomwa vyuo vikuu vya nje. Huku kwetu, uliza maduka ya vitabu ya Mwanza.

Naandika haya nikiwa na hoja, na sitaizungusha. Makaburi ya Kasubi kule Kampala, ya wafalme wa Buganda, yameorodheshwa na UNESCO tangu 2001. Yalipoungua Machi 2010, Uganda nzima ililia, ikachanga, ikayajenga upya kwa nyasi na matete kama yalivyokuwa. Hapa Mwanza, Padri David Clement na wenzake walianza Bujora miaka ya 1950, na leo watoto wa Kisukuma wana mahali pa kwenda kuona viti, ngoma na silaha za watemi wao. Bukindo inastahili hivyohivyo. Haihitaji fedha za kutisha. Jumba likarabatiwe kwa ushauri wa wanaojua majengo ya kale na kwa ridhaa ya ukoo wenyewe. Mahali pa makao ya zamani pawekewe alama. Wazee kama huyu warekodiwe sauti zao wakati bado wapo, na malipo ya mgeni yabaki kijijini. Shule za wilaya zipewe kitabu cha Kitereza, na wanafunzi wa shule za jirani wapelekwe Bukindo kwa miguu, maana ni karibu.

Nawe msomaji, ukifika Mwanza, panda meli ya Nansio. Lala, asubuhi utafute mwenyeji mwenye umri akutembeze, umlipe vizuri bila kumwomba apunguze. Na kama una babu au bibi Mkerewe, mkalishe chini wiki hii, uwashe simu yako irekodi.